Siri Niliyoimwaga Ndani ya Gari Bombei

Nina miaka arubaini na tano sasa. Nimezaliwa Tabora, nikaletwa Ibra, Oman, na wazazi wangu nikiwa mtoto, na huku ndiko nilikokulia, nilikoolewa na nilikoachwa. Sina mtoto. Nalisema hilo mwanzo kabisa kwa sababu ndilo mtakaloniuliza, kama wanavyoniuliza watu wote... na kwa sababu mkasa wangu wote umo humo.

Mume wangu wa kwanza nitamwita Saif. Kwao ni Al Qabil, na jamaa zake ni watu wanaojisifu kwamba hawakupata kwenda Afrika hata siku moja. Sisi tuliorudi kutoka huko walituona kama wageni tuliokaribishwa tukasahau kuondoka. Lakini Saif alinipenda, nami nilimpenda, acheni nisiseme uongo.

Kazi ilikuwa kwa mama yake, nitamwita Bi Shamsa. Nikimwita ammati, kama wake wanavyowaita mama wakwe zao huku. Nikipokea simu ya dada yangu nikachanganya maneno mawili ya Kiswahili, ataibuka kutoka jikoni: "Fi beiti, arabi bas!" Nyumbani kwake, Kiarabu tu! Alisema Kiswahili kinamtia maumivu ya kichwa. Basi nikakinyamazisha, nikawa nakisema nikienda kwetu Ibra tu.

Miaka ikapita, mtoto hakuna. Mnajua wenyewe maneno ya wanawake kwenye kahawa. Kila harusi naulizwa, kila arubaini naombewa dua mbele ya watu. Bi Shamsa akaanza kunitazama tumboni kabla hajanitazama usoni. Nilikuwa nikilia bafuni, maji nimeyafungulia ili nisisikike!

Mwaka 1997 Saif akaamua twende Bombei kwa daktari. Watu wa huku wengi walikuwa wakitibiwa huko. Bi Shamsa akasema naye anakwenda, magoti yanamsumbua. Magoti! Alitaka kusikia majibu kwa masikio yake mwenyewe.

Tulipimwa. Siku ya majibu daktari alituita mimi na Saif peke yetu, mkalimani akatueleza. Mimi sikuwa na kasoro yoyote. Saif ndiye asiyeweza kupata mtoto, na dawa hakuna.

Sijapata kumwona mwanamume akilia namna ile. Alinishika miguu, wasomaji wenzangu... mume wangu, mwanamume wa Kiarabu, ananishika miguu! Akaniomba nimsitiri. Mama akiuliza, tumwambie ni mimi. "Wewe mwanamke," akasema, "watu wamezoea kusikia hivyo."

Nikakubali. Nilimwonea huruma, nikadhani mapenzi ndiyo hayo. Mngekuwa nyinyi mngefanyaje?

Asubuhi ya pili Saif hakuweza kutazamana na mama yake. Akasema kichwa kinamuuma, atabaki hotelini, ila amekodi gari na mtembeza wageni kwa ajili yetu, atuzungushe mjini mpaka jioni. Nilijua anamkimbia mama yake. Bi Shamsa akavaa barakoa yake usoni, tukashuka.

Mtembezaji alikuwa mzee wa Kihindi, mwembamba, kanzu imepigwa pasi vizuri. Aliposikia tunatoka Oman, Sharqiyah, alinitazama akacheka, akamgeukia Bi Shamsa, akasema kwa Kiswahili safi cha Unguja, "Shikamoo bibi mkubwa! Karibuni Bombei, jamani!"

Moyo uliniruka! Alizaliwa Unguja, akaja India kijana na wazazi wake, na jina lake Rajabali. Alisema Waarabu wa Ibra na Nizwa wanaosema Kiswahili ndio wageni wake wakubwa, wanapeana habari zake. Bi Shamsa hakuitikia ile shikamoo. Aligeuza uso, akatazama dirishani.

Tukaingia garini, mimi na yeye nyuma. Rajabali alikuwa anaendesha huku anatusimulia. Alitupeleka kwenye lango kubwa la mawe lililo pwani, akatuonyesha stesheni ya reli iliyojengwa kama kasri, akatusimamisha juu ya daraja tuwaone madobi wanavyopiga nguo kwenye mawe, mamia ya mashati yameanikwa. Mimi nikimtafsiria Bi Shamsa kwa Kiarabu, naye anaitika kwa kichwa tu. Nilifurahi, nakiri! Miaka sijasema Kiswahili kutwa nzima bila ya kukatazwa.

Pale kwa madobi pikipiki ilikuja kwa kasi. Rajabali akapiga kelele, "Rudi nyuma, bibi!" Bi Shamsa akarudi nyuma hapo hapo, kabla sijafungua mdomo. Nikashukuru Mungu, nikadhani ameiona mwenyewe.

Halafu tukanunua madafu njiani. Bi Shamsa alikunywa lake lote, akalipasua, akakomba nyama kwa kipande cha kifuu kama aliyezaliwa na kazi hiyo, machozi yakamlengalenga. Nikamuuliza ana nini. Akasema vumbi. Enhe... vumbi!

Tulipotoka kwenye bustani za kilimani, zile zenye miti iliyokatwa maumbo ya tembo na twiga, tukakwama kwenye foleni ya magari. Jua kali, honi kila upande. Rajabali akaniuliza lile swali. Je, bibi, watoto wangapi?

Kama asingeniuliza kwa Kiswahili ningemjibu "Mungu hajajaalia" tukaendelea. Lakini aliuliza kwa sauti ya wajomba zangu! Aliponiona nimenyamaza, akamwonyesha Bi Shamsa kwa jicho kwenye kioo, akanong'ona, "Mama hasikii Kiswahili?"

"Hata neno moja!" nikamjibu, na nikacheka. Nilicheka, jamani!

Nikamwaga yote. Nikamwambia tumekuja kupimwa, nikamwambia mimi ni mzima, kasoro ni ya mume wangu, na kwamba nimekubali kuibeba mimi ili mama yake asijue. Nililia huku nasema. Rajabali akasema, "Bibi, huo mzigo utakuvunja mgongo. Usiubebe." Bi Shamsa alikuwa ameegemea kiti, macho ameyafumba. Nikamfunika shela vizuri asipigwe na jua.

Jioni, hotelini, aliuliza majibu. Nikasema kama nilivyoagizwa: ni mimi, ammati, kizazi changu ndicho kibovu. Alinitazama muda mrefu sana. Kisha akasema "Allah karim," akaenda kusali.

Haukupita mwezi tangu turudi Al Qabil, akatangaza amempatia Saif mke wa pili, binti wa jamaa zao, Muna, hata miaka ishirini hajatimiza. Nilimgeukia Saif. Nilimngojea aseme neno moja tu! Akainamisha kichwa, akachezea funguo za gari. Angesema nini, na mama anamwambia kila anayeingia kwamba mimi, Zuwena, ni mti usiozaa?

Muna akaletwa. Alikuwa mtoto mzuri, ananifuata jikoni kama mdogo wangu, ananiomba nimfundishe kupika maandazi. Alilala chumba cha pili kutoka changu. Mwezi hadi mwezi namwona akisubiri, namwona akilia bafuni na maji ameyafungulia... nami nikajua kwa nini, na sikusema.

Kisha yakaja mabaya zaidi. Bi Shamsa akaanza kusema mimi ndiye ninayemfunga Muna, kwamba nimetoka na uchawi Tabora! Wanawake wakawa hawanywi kahawa ninayomimina. Kila siku alimshikilia Saif aniache. Siku moja Saif akaja mlangoni, hakukaa hata chini, akanipa talaka. Nikakusanya nguo zangu nikarudi Ibra kwa baba.

Nilikaa eda, nikatafuta kazi ya kupokea wagonjwa katika kliniki moja ndogo. Wachumba walikuja, lakini mama zao wakipeleleza tu, wanaambiwa, huyo? Hazai, tena mchawi! Wakarudi walikotoka. Siri ya Saif niliitunza hata nje ya nyumba yake. Niliona ndiyo heshima pekee iliyonibakia.

Niliolewa tena mwisho, na mgane wa Sur, mtu mzima mwema mwenye watoto wake wakubwa. Lakini umri ulikuwa umeshakwenda. Daktari aliniambia hivyo hivyo, kwa upole: ungekuja mapema, mama.

Mwaka 2007, miaka mingi tangu niachwe, simu ikalia. Saif! Sauti imemkauka. Mama yake amepigwa na kiharusi, yuko hospitali Ibra, na tangu amezinduka hasemi Kiarabu hata neno. Anaongea kitu ambacho hawakielewi.

"Nadhani lugha yenu," akasema. "Taali, njoo, Zuwena, tafadhali. Hatujui anataka nini."

Bi Shamsa? Kiswahili?

Mume wangu alinipeleka mwenyewe asubuhi ile. Nilimkuta Saif, mvi zimemjaa, na Muna, ambaye sasa alikuwa mwanamke mkubwa, amekonda, hana mtoto. Na kitandani Bi Shamsa, mdomo umekwenda upande, anaita kwa sauti ya mtoto mdogo, "Mama... mama yuko wapi? Nipeni maji, jamani..."

Kiswahili cha Bara, wasomaji wenzangu! Kiswahili cha kwetu!

Nikampa maji kwa kijiko. Nikamwambia, shikamoo ammati. Safari hii akaitikia. "Marahaba, mwanangu." Kisha akanitambua, akaanza kulia. Maneno yalitoka kwa shida, lakini niliyasikia. Alizaliwa Ujiji, mama yake Mmanyema, akachukuliwa na baba yake kuletwa Al Qabil akiwa msichana wa kuvunja ungo. Aliambiwa amsahau mama, aisahau na lugha, akitaka kuolewa na mtu. Akasahau mpaka watu wote wakasahau.

"Nilisikia," akasema. "Ndani ya gari. Ulivyomwambia Muhindi. Nilisikia yote."

Alijua! Aliponiita mti usiozaa, alijua. Aliponiita mchawi, alijua! Alimletea Saif mke wa pili ili watu waamini kasoro ni yangu, na alinitoa nyumbani kwake kwa sababu mimi peke yangu nilikuwa na ukweli, naye aliogopa iko siku nitausema.

"Nisamehe," akasema. "Na huyu mtoto, mwambieni ukweli. Aende zake akazae, angali na nafasi. Waambie, mwanangu. Mimi ulimi hautaki."

Saif akanisogelea. "Esh tqul? Anasema nini?"

Nilimtazama. Kulikuwa na hofu machoni mwake, ile ile ya Bombei, kana kwamba amekwisha kuelewa. Ningeweza kusema anaomba maji. Ningeweza kumsitiri tena, mdomo ulikuwa umeshazoea!

Nikatafsiri. Neno kwa neno, kwa Kiarabu, mbele ya Muna. Ujiji, mama Mmanyema, gari, majibu ya daktari, yote. Saif alitoka chumbani kabla sijamaliza.

Nilidhani nitajisikia nimetua mzigo. Nilidhani Muna atanikumbatia. Alikaa kwenye kiti, mikono mapajani. Kisha akaniuliza kwa sauti ndogo kabisa:

"Na wewe, ukhti? Ulikuwa unajua?"

Nikashika kijiko tena, nikaendelea kumnywesha Bi Shamsa maji.

Bi Shamsa alifariki wiki ile. Nilimsamehe, nadhani. Muna alidai talaka yake, akapewa. Nimemwona sokoni Sinaw, ameolewa na muuza mbuzi, ana mtoto wa kiume mgongoni na wa pili tumboni. Nilimkimbilia kwa furaha. Akanipa salamu ya Kiislamu kama anavyopewa mtu yeyote, akaendelea na njia yake.

Dada zangu mnaonisoma, msikubali kubeba aibu ya mtu kwa jina la mapenzi. Mimi nilidhani naibeba peke yangu! Semeni mapema, na mumwambie yule anayestahili kuambiwa. Mimi nilimweleza mzee nisiyemjua kwenye foleni ya magari Bombei, kisha nikamnyamazia Muna, aliyekuwa akilia ukuta mmoja nami.