Kadi Zilizokatwa Katikati

"Tutakukumbuka sana, Bi Wino," meneja wa kiwanda cha uchapaji alisema, akiokota kadi moja ya harusi iliyotoka mashineni. "Ukishaolewa nani atatuchapia hivi?"

Bi Wino alicheka. "Meneja nawe! Naolewa, sihami dunia. Nimeomba likizo ya wiki mbili tu."

"Mbona mchumba wako aliniambia unaacha kazi? Alisema mmekubaliana utakaa nyumbani."

"Alisema lini?"

"Kabla sijateua msimamizi. Jina lako ndilo lilikuwa la kwanza, mwanangu. Ningempaje cheo mtu anayeondoka?"

Cheo alikuwa amepewa huyo huyo mchumba. Siku alipokipata, Bi Wino alimnunulia shati jipya, akalipiga pasi kwa mikono yake! Miaka tisa yuko kwenye mashine ile, na mwanamume huyo alipoajiriwa, yeye ndiye aliyemfundisha hata kuweka wino. Moyo ulimuuma vibaya. Akaandika ujumbe: "Njoo mashineni. Kadi zimetoka."

"Nakuja, malkia wangu."

Akaja, shati lile lile mwilini, meno yote nje.

"Umemwambia meneja naacha kazi?"

Meno yakarudi ndani. "Mpenzi, nilipanga kukuambia baada ya harusi."

"Uliniuliza?"

"Mimi ndiye mume. Watu watanionaje, mke wangu akiwa bosi wangu?"

"Kumbe ulinipenda ilimradi niwe chini yako."

"Usikuze mambo bwana. Nilifanya kwa ajili yetu."

"Yetu? Cheo umekivaa peke yako!"

Bi Wino alizibeba kadi zote mpaka kwenye mashine ya kukatia karatasi. Alipima katikati, pale jina lake lilipoachana na la mwanamume. Akabonyeza, kisu kikashuka.

"Una wazimu? Mama yangu ameshatangaza kwa ukoo mzima!"

"Basi atangaze tena."

Akamkabidhi mwanamume rundo lenye jina lake yeye mwanamume. Machozi yalimtiririka Bi Wino na hakuhangaika kuyafuta, maana alikuwa amempenda kweli. Kisha akamgeukia meneja, aliyekuwa bado ameshika ile kadi moja nzima.

"Kesho saa mbili asubuhi niko kazini, meneja. Na ile nafasi, safari hii niulize mimi mwenyewe."