Bi Harusi wa Filamu Isiyo na Sauti

Jioni moja ya Julai 2017, Tumu alifunika cherehani yake pale Joubert Park, akapanda basi kwenda Braamfontein. Shoga yake Kidawa, mhamiaji kutoka Tanga kama yeye, alimwomba amsindikize kazini. Kidawa alikuwa akifagia ukumbi mdogo wa sinema, na mwezi mzima sauti ilikuwa imemkauka. Alinong'ona tu.

"Ni filamu ya zamani, ya Kiitaliano," alimwambia mlangoni. "Haina sauti. Naogopa kukaa nayo peke yangu."

"Eish, Kidawa! Unaogopa picha?"

"Kaa mbele, shoga yangu."

Ukumbi ulikuwa mtupu. Ulinuka nywele zilizoungua...

Kwenye pazia, kijiji cha milimani: mbuzi, padri, wanawake wakifua mtoni. Bi harusi aliongozwa na rafiki yake hadi kanisani, kisha rafiki akaingia peke yake, akamfungia nje. Midomo ilifunguka, hakuna aliyesikika. Maandishi ya Kiitaliano yalitokea, yakapotea.

Tumu aligeuka kuitazama mashine ya kuonyeshea filamu. Ilikuwa ikizunguka. Hapakuwa na mtu wa kuiendesha.

Aliporudisha macho, wanakijiji wote walikuwa wakitembea. Bi harusi amesimama.

Anamtazama yeye.

Pazia likawa jeusi. Maandishi yakatokea tena. Kiswahili.

*Unaitwa nani?*

Tumu alibana midomo. Nyuma yake, mtu akajibu.

"Tumu binti Salehe. Nilikuahidi, nimemleta."

Ilikuwa sauti ya Kidawa. Safi, bila mkwaruzo.

Bi harusi akafungua mdomo, na filamu ile isiyo na sauti ikapiga ukelele... kwa sauti ya Tumu.

Tumu naye alipiga ukelele.

Hakikutoka kitu.

Madaktari hawakuona ugonjwa wowote. Mumewe, Fahad, alikwenda ukumbini kuuliza. Mlinzi alimwambia mashine ile ilikufa miaka mingi iliyopita, na Kidawa ameacha kazi.

Miezi mitatu baadaye Tumu alimwona Kidawa mtaa wa Rosettenville, kwenye duka la mboga, akicheka na wateja. Hakumvamia. Alitoa karatasi, akaandika: *Kwa nini mimi?*

Kidawa alisoma. Kicheko kilimwisha. Akaikunja karatasi taratibu, akamrudishia mkononi.

"Niliwaomba wanne waje," alisema. "Wewe ndiye pekee uliyenihurumia."