Ukimya wa Sebuleni

Sebuleni alikuwapo mtengenezaji filamu mwenyewe, ameshika kinasa sauti. Alikuwapo dada yake, kwenye kiti cha dirishani. Na alikuwapo binti yake, sakafuni. Mke wake hakuwapo. Alikuwa amezikwa mwaka uliotangulia, na filamu hii ilimhusu yeye.

Mtu huyu aliandika filamu zake, akazipiga picha, akazinasa sauti na kuzihariri peke yake. Kila alipomaliza kazi katika chumba alinasa pia ukimya wa chumba hicho, ili baadaye autumie kuziba mapengo kati ya maneno. Sasa aliwaomba wote wabane pumzi.

"Bana na pua, kaka," dada alimtania. "Inapiga filimbi kama birika."

"Shangazi, nyamaza basi," binti akacheka.

Wote wakabana pumzi. Kwenye hedifoni mtu aliendelea kupumua, polepole, kisha akakohoa mara mbili, kikohozi kidogo, na chumba kikanuka dawa ya kuchua aliyokuwa akipakwa marehemu kifuani.

Akamvisha binti hedifoni.

"Ni mama," binti alinong'ona.

Mganga aliyeitwa kesho yake alisikiliza kidogo tu. "Huyu si marehemu, mwanangu. Ni jini, anaiga pumzi yake. Kila ukimsikiliza anapunguza yako. Futa."

"Nikifuta nabaki na nini? Miaka yote nimenasa sauti za watu. Yake sikuinasa hata siku moja."

"Unabaki na mtoto," dada akasema taratibu.

Akafuta mbele yao. Mganga akasoma, akanyunyiza maji pembe zote, na harufu ikaondoka.

Lakini mtu huyu aliwahi kupoteza filamu nzima kompyuta ilipoharibika, na tangu hapo aliweka nakala ya kila kitu mahali pa pili. Hakuwaambia, bali kila alasiri alijifungia katika chumba cha kuhariri, na dada yake akipita aliisikia harufu ile ikivuja chini ya mlango, kisha akamwona kaka yake akitoka amekonda, anahema kama aliyepanda ngazi ndefu, akisema ni vumbi tu.

Asubuhi moja binti alimkuta kitini, hedifoni masikioni.

"Baba, chai."

Akamvua, akaivaa mwenyewe. Ukimya wa sebuleni ulikuwa bado unacheza. Ndani yake walipumua watu wawili. Mmoja alikohoa mara mbili. Wa pili, pua yake ilipiga filimbi.

Baba yake alikuwa amefariki.