Maziwa ya Paa wa Mwisho

Jua lilikuwa linazama alipokwenda kununua chumvi. Kilo nne, ya mawe. Muuza duka alimtania kama kawaida yake.

"Leo umemuua nani, Sindano?"

"Mimi siui. Mimi nawashonea wauaji," alijibu, akabeba mfuko wake, akaondoka bila kuaga.

Walimwita Sindano kwa mambo mawili: kazi yake na ulimi wake. Kwa miaka ishirini na mitatu alikuwa fundi wa makumbusho ya wanyama. Mnyama akifa, yeye humchuna, huikausha ngozi kwa chumvi na shabu, huijaza pamba, huishona, humtia macho ya kioo, kisha mnyama huwekwa kabatini watoto wa shule waje kumchekea. Na kadiri msitu ulivyozidi kuwa mtupu, ndivyo makabati yalivyozidi kujaa. Wakubwa waliita hilo mafanikio.

Sindano aliwadharau wote. Aliwadharau wageni wanaopiga picha huku wamempa mnyama mgongo. Aliwadharau wakubwa wanaotoa machozi mkutanoni na kukauka kabla hawajafika kwenye gari. Lakini dharau iliyonona kuliko zote alimwekea mtu mmoja: shemeji yake, mume wa mdogo wake. Huyu alikikaimu kiti cha Mkurugenzi wa wanyamapori mwaka mzima, kiti ambacho watu saba walikuwa wanakitolea udenda, na wiki mbili zilizopita alikuwa amethibitishwa. Mtu asiyeweza kutofautisha paa na mbuzi mpaka mbuzi alie!

Aliporudi, dereva wa kituo cha kutunzia wanyama alikuwa anamngoja mlangoni mwa karakana. Miguuni pake palikuwa na turubai lililofungwa kamba.

"Amekufa saa tisa mchana," dereva alisema. "Yule paa jike. Wa mwisho."

Sindano aliuweka mfuko wa chumvi chini. Wataalamu walikuwa wamelizunguka pori miaka sita wakitafuta paa mwingine wa aina ile. Hawakupata hata kinyesi. Dume lake alikufa kituoni miezi mitano iliyopita, akimwacha na mimba.

"Shemeji yako anataka awe tayari Jumamosi. Kuna wageni. Atahutubia."

"Bila shaka atahutubia. Alipokuwa hai hakwenda hata kumtazama."

"Alikwenda," dereva alisema. "Mara moja."

Kisha akainama kulinyanyua turubai.

Wakamlaza mezani. Kanyama kadogo, kama mbwa mchanga, manyoya mekundu ya kutu, miguu kama vijiti. Sindano alimwaga chumvi kwenye beseni, akawasha taa, akakinoa kisu. Kilipogusa tumbo, kitu cha moto kilimchuruzikia vidoleni.

Si damu.

Maziwa.

Aliinama. Kiwele kilikuwa kimejaa, chuchu zimelowa. Karakana iliyozoea kunuka dawa ilijaa harufu ya maziwa mabichi. Paa mwenyewe alikuwa wa baridi kama sakafu. Maziwa yalikuwa ya moto.

"Barua ya kituo ilisema alizaa mfu," Sindano alisema taratibu. "Wiki tatu sasa. Asiyenyonyesha hukauka. Huyu alikuwa anamnyonyesha nani?"

Barua ile aliisoma mwenyewe, akaguna, akaitupa kwenye droo. Hakuuliza maiti ya kitoto iko wapi, yeye ambaye kila maiti huletwa kwake. Aliwadharau mno hata akaona uvivu kuwauliza.

Dereva aliutazama mlango.

"Dada, mimi nina familia."

"Sema."

"Hakuzaa mfu." Sauti yake ilishuka ikawa mnong'ono. "Kitoto kilikuwa kizima. Kilisimama palepale, miguu inatetemeka. Magharibi mkubwa, shemeji yako, akaja na kikapu, akakichukua. Nilimwendesha mimi. Njiani alikuwa anaongea kwenye simu na mganga wake, simu kaiwekea sauti kubwa kama anaongea na fundi bomba. Nikasikia. Mganga anamwambia... unataka kiti kisicho na mshindani? Zika kisicho na mwenzake."

"Akakipeleka wapi?"

"Hapahapa. Aliingia ofisini kwake na kikapu kinalia. Akatoka mikono mitupu."

"Na haya maziwa?"

Dereva alirudi nyuma hatua moja kutoka mezani.

"Tangu siku ile, ikifika magharibi, mama yake alikuwa anasimama kwenye kona ya boma. Anatanua miguu ya nyuma. Anatulia tuli. Chini yake hakuna kitu, dada. Nimeangalia kwa tochi. Hakuna. Lakini unasikia..."

"Unasikia nini?"

Hakukuwa na haja ya kujibu.

Sauti ilitoka pale mezani, katikati yao wawili. Mnyonyo. Wa pupa, wa mdomo mdogo wenye njaa.

Chuchu ikavutika.

Ikaachia.

Ikavutika tena.

Kiwele kikaanza kusinyaa mbele ya macho yao, polepole, kama puto lenye tundu. Sindano alisimama na kisu chake mkononi, ulimi umemganda. Maisha yake yote alikuwa akiwacheka waoga. Sasa alihisi joto likimteremka mapajani mpaka kwenye viatu, na hakuona hata aibu.

Maziwa yakaisha. Kimya.

Kisha vikwato vikagonga sakafu ya saruji... ta, ta, ta... vikapita kando ya beseni la chumvi. Vikatoka mlangoni.

Siku ya tatu, mdogo wake alimpigia simu. Alikuwa na mtoto wa miezi miwili, wa kwanza, aliyepatikana baada ya miaka tisa ya kungoja.

"Dada, njoo. Maziwa yamenikauka."

"Tangu lini?"

"Tangu juzi jioni." Mdogo wake alikuwa ananong'ona. "Ikifika magharibi nasikia kitu kinanivuta. Kinavuta kwa nguvu mpaka naumia. Na mtoto nimemlaza kitandani, dada. Namwona kwa macho yangu. Siye yeye."

Nyuma ya sauti yake mtoto alikuwa analia. Kilio chembamba, cha mtu aliyeanza kukata tamaa ya kulia.

Mchuma janga hula na wa kwao, wahenga walisema. Shemeji yake alikuwa amelichuma peke yake, akawaachia wa kwake wale, naye akaenda kunyoosha suti.

Sindano alimkuta ofisini saa za kazi zikiisha, amesimama mbele ya kioo anafanya mazoezi ya kutoa machozi.

"Tunu zetu za asili..." alikuwa anasema. "Ah, shemeji! Karibu. Paa wangu yuko tayari?"

"Mtoto wake yuko wapi?"

Mkurugenzi hakuuliza mtoto yupi. Macho yake yaliteleza mara moja tu, yakaenda chini ya kiti chake, kwenye vigae vinne vilivyokuwa vyeupe kuliko vingine.

"Ulimzika mzima?"

"Punguza sauti, shemeji." Alirudishia mlango. "Masharti ndivyo yalivyokuwa. Na ni kamnyama tu."

"Mwanao anakufa njaa."

"Kuna maziwa ya kopo. Nimeshaagiza."

Alilisema hilo huku anaweka tai sawa. Sindano alikuwa anaamini kwamba ameshaimaliza dharau yote ambayo mtu mmoja anaweza kuibeba. Kumbe alikuwa bado hajaanza.

"Mtoe," alisema.

"Nikimtoa, nitakalia nini?"

Simu yake ikaita. Waandishi wa habari walikuwa getini. Alijitazama kwenye kioo mara ya mwisho, akajipangusa bega.

"Ukitoka, funga mlango," alisema, akaenda zake.

Sindano aliufunga. Kwa ndani.

Dereva, ambaye Sindano alikuwa amemwomba angoje nje, aliingilia dirishani na mtaimbo. Wakakisukuma kiti kando, wakang'oa vigae, wakaanza kuchimba. Nje mwanga ulikuwa unakwisha. Udongo ulikuwa laini, wa uvuguvugu, na ulinuka maziwa. Hawakufika mbali. Dhiraa moja tu.

Kitoto kilikuwa kimejikunja, pua imeingizwa kati ya miguu. Hakikuwa kimeoza. Hakikuwa kinapumua. Manyoya yalikuwa yamenawiri, tumbo limejaa, na mdomoni palikuwa na povu jeupe, bichi.

"Yesu na Maria," dereva alinong'ona.

Sindano alivua mtandio wake, akakiviringisha kama mtoto wa mtu, akakitoa shimoni. Hata hajasimama vizuri, simu ikaita.

"Dada!" Mdogo wake alikuwa analia na kucheka. "Yamerudi! Yananichuruzika, nguo yote imelowa... Ananyonya, dada. Msikie. Ananyonya!"

Sindano alikaa chini sakafuni na kitoto mapajani. Ngozi ya mama yake ilikuwa bado kwenye chumvi. Haitajazwa pamba, aliamua, na hakuna atakayehutubia mbele yake. Ataifunga na kitoto humo ndani, azike vyote viwili msituni, pahali ambapo hata dereva hatapajua mara ya pili. Akalia kidogo, kwa uchoyo, kama mtu asiyezoea.

Mlango ukagongwa.

"Shemeji! Fungua! Umefanya nini?"

Aliinama afukie shimo. Mkono wake ukagusa kitu.

Manyoya ya ndege.

Akavuta. Ubawa ulitoka, mpana, wa kahawia wenye madoa, na baada yake kichwa cha bundi. Bundi wa aina ile alikuwa mmoja tu kwenye makabati yote, na kibao chake kilisema hajaonekana kwa miaka thelathini. Ubawa ulikuwa wa moto. Chini ya bundi kulikuwa na kobe. Chini ya kobe, mkia wa manyoya ambao Sindano, kwa ujuzi wake wote, hakuutambua.

Aliinua macho ukutani. Wakurugenzi waliopita walikuwa wametundikwa hapo mmoja baada ya mwingine, fremu kwa fremu, wote na tai, wote wanatabasamu.

"Shemeji!" Sauti ya nje haikuwa ya amri tena. Ilikuwa ya mtu anayeomba. "Wangu ni wa juu tu! Usiwaguse wa chini! Hao si wangu!"

Dereva alikuwa ameshika dirisha.

"Nilete magunia mangapi?"

Sindano alilaza sikio sakafuni. Akasogea. Akalilaza tena, chini ya meza, kando ya kabati, pembeni kabisa mwa ukuta. Kila mahali ilikuwa sauti ileile ndogo, ya pupa. Wengi. Wananyonya. Wananyonya kwa nani, kwenye nyumba gani za mji ule, hakujua.

"Leta yote," alisema.