Kata Inywayo Majonzi

Gladys alikata vitunguu karai zima bila jicho kumwasha. Florence, jirani yake wa mlango wa pili, aliyekaa kibarazani mbali na kisu, ndiye aliyekuwa akijifuta machozi kwa upindo wa leso.

“Mwenzangu, una macho ya jiwe?” Florence alimtania.

Gladys alijigusa shavu. Kavu. Hakucheka, wala hakushangaa. Siku hizo hakuna lililomshangaza.

Walikaa Magogoni, yeye na mumewe Kadenge, aliyekuwa kuli bandarini, na mtoto wao mchanga, Carolyne. Mtoto wa kwanza, Linda, alikuwa amefariki masika ilipoanza, kwa homa iliyomshika akitoka kanisani. Baada ya maziko Gladys hakula, hakulala, hata maziwa yakamkauka. Ndipo shangazi yake, Mapenzi, aliposhuka kutoka Kaloleni na kitu kilichofungwa kaniki. Ilikuwa kata ya kifuu cha nazi, ile ya kutekea maji, nyeusi kwa uzee, mpini wake umelainishwa na mikono ya watu waliokwisha kufa.

“Hii ni ya ukoo,” shangazi alinong’ona. “Humu ndani mna mtu. Kazi yake ni kunywa majonzi. Iweke mvunguni mwa kitanda. Ukishaweza kula na kumnyonyesha mtoto, nirudishie upesi. Usiiache ikajaa, mwanangu. Ikijaa, atatoka atafute pa kukaa.”

Kadenge hakupenda. “Nyumba hii ni ya maombi, shangazi.”

“Basi muombee mkeo ale,” shangazi alijibu, akaenda zake.

Gladys alilala usingizi mzito siku hiyohiyo. Baadaye akala, maziwa yakarudi. Kata hakuirudisha. Si kwa ukaidi. Hakuona tu haja ya kuirudisha, kama ambavyo hakuona haja ya jambo lolote. Jioni moja Kadenge alifungulia simu yake, sauti ya Linda ikaimba wimbo wa kwaya ya watoto, na yule baba akainamisha kichwa. Gladys aliendelea kukunja nepi.

“Zima,” alisema. “Chaji itaisha.”

Kadenge aliizima, akatoka nayo nje.

Florence alipojua siri ya ile kata, aliomba naye aonje. Mumewe, Ziro, fundi wa mashua, alikuwa amezama Mtwapa mwaka uliotangulia, na bado Florence alikuwa akimtengea sahani mezani. Gladys alimwonyesha mvungu. Florence alipiga magoti, akaishika kata, akalia kilio cha kukatika pumzi. Kisha akainuka mwepesi, akatoka akiimba. Akawaambia wengine. Wakaja wanawake wa kanisani, wakaja wa mtaa wa pili, kila mmoja na maiti wake moyoni, na Gladys akawafungulia wote kama anayemfungulia muuza maji.

Harufu ilianza hapo. Harufu ya udongo mbichi, kama wa shimo lililochimbwa sasa hivi. Kisha sauti: maji yakichezacheza ndani ya chombo, chubwi, chubwi, ilhali kila Gladys alipochungulia mvunguni kata ilikuwa kavu.

Ikafika siku moja ya jua kali, mchana, Kadenge yuko kazini na Carolyne amelala kitandani. Ile sauti ya maji ilinyamaza ghafla. Gladys, aliyekuwa jikoni akipepeta mchele, akasikia harufu ya udongo ikipita mbele yake kama mtu anayepita, ikaingia chumbani, na baada ya kimya kirefu mtoto akalia, ila hakulia kama mtoto, alilia kwa sauti nzito ya mwanamke mzima akisema, “Ziro wangu, umeniacha na nani?” kisha kwa sauti ya bibi kizee aliyeita jina jingine, kisha jingine, majina ya wafu wa mtaa mzima yakitoka katika kinywa kisicho na jino hata moja, mpaka mwisho ikatoka sauti ndogo, safi, iliyoita, “Mama.”

Gladys aliijua ile sauti. Aliijua kwa kichwa tu. Alijua mama angekimbia, basi akaiamuru miguu yake ikimbie chumbani.

Alimpigia shangazi simu.

“Shikamoo, shangazi.”

“Marahaba. Nani huyo analia?”

“Carolyne.”

Shangazi akanong’ona: “Huyo si mtoto. Ametoka, Gladys. Amepata mahali patupu. Shika kata, ikinge chini ya kidevu cha mtoto, machozi yote yaingie humo. Halafu uyanywe.”

“Yangu?”

“Ya wote. Ukinywa chozi la mtu, maiti wake anakuwa wako, si wake tena. Usibakize tone. Akikosa cha kunywa atalala.”

“Nitaweza?”

“Sijui, mwanangu. Lakini ukichelewa, Carolyne hutampata tena.”

Gladys alikinga. Machozi yalitoka katika yale macho madogo kama maji ya mfereji, meusi, yenye chumvi, yakajaa hadi ukingoni. Akainua kata kwa mikono miwili, akanywa. Funda la kwanza lilikuwa la mtu asiyemjua. La pili la Florence. La mwisho lilikuwa lake, na hilo nusura limkabe.

Kadenge aliporudi alimkuta sakafuni, amemkumbatia Carolyne aliyekuwa akilia kwa njaa, kilio cha mtoto mchanga tu. Gladys alikuwa akiita, “Linda! Linda wangu!” kwa sauti iliyokwaruza ukuta. Kadenge akaketi chini kando yake, akalia pamoja naye kwa mara ya kwanza tangu maziko.

Florence alisikia, akaja mbio hadi mlangoni, mikono ingali na unga.

“Jamani, kulikoni? Gladys, unamlilia nani?”

“Linda,” Gladys alisema, kifua kikimruka. “Na Ziro wako. Maskini, Florence, Ziro wako.”

Florence alimtazama, kisha akamtazama Kadenge, akitabasamu kwa haya kama anayesitiri wazimu wa jirani.

“Ziro?” aliuliza taratibu. “Ziro ndiye nani?”