Koti la Chumba Namba Sita

YAH: HARUFU ISIYO YA KAWAIDA CHUMBA NAMBA SITA, NA MAOMBI YA DAWA YA KUPULIZA

Barua ilikaa mezani ikisubiri saini ya mkuu wa kitengo, mwenye chumba hicho namba sita, ambaye kama kawaida hakuwamo. Bwana Meshack alikuwa shambani kwake Makutupora akikagua zabibu zake. Kilichokuwamo ni koti lake. Kila Jumatatu alilitundika kwenye mgongo wa kiti, akaacha miwani mezani na kalamu bila kifuniko, akatokea mlango wa nyuma. Mwenye shida akija, katibu muhtasi wake, Kuluthumu, humwonyesha kwa kidevu.

"Yupo. Huoni koti? Ametoka kidogo tu."

Na watu hukaa kwenye benchi, wakaliheshimu koti. Lilikuwa mtumishi mzuri: halikufoka, halikuomba safari.

Walioleta mtambo ndio hawakuzijua adabu hizi. Wakubwa walikuwa wamechoka kusikia habari za visima vilivyomo kwenye taarifa na havimo ardhini, ndipo wakaagiza mtambo wa kunasa na kuimarisha hali halisi. Unatazama kilichopo, unakinasa, kisha unakishikilia kisiponyoke. Ulikuwa na kimo cha friji na jicho moja, na ulikuwa na tabia zake. Ukiutilia shaka, unaguna. Wafagiaji waliuamkia shikamoo, na walidai unaitikia.

Mtambo ukatazama chumba namba sita. Ukaona koti, miwani, kalamu. Ukamsikia Kuluthumu akisema yupo. Ukaamini, maana haukuwa na uzoefu wa ofisi. Ukamnasa Meshack kuwa yupo kitini, ukashikilia.

Harufu ilianza hapo, ya nywele zilizoungua. Kisha koti likatuna mabegani. Kisha, jua likiwa la utosi, kalamu ikasikika ikikwaruza karatasi, na mafaili yaliyolala miaka yakaanza kutoka yamesainiwa.

Meshack alipiga simu kutoka shambani. "Kuluthumu, kuna aliyeniulizia?"

"Nani mwenzangu?"

"Bosi wako, nani tena?"

Kisha mnong'ono: "Bosi yupo ndani. Tafadhali, usipige tena. Anasikia."

Alicheka, akakata simu. Jioni, nyumbani kwake, hakucheka. Mkewe, Gladness, alichungulia kwa upenyo wa mlango, komeo likiwa bado limefungwa.

"Mume wangu yuko mezani anakula," alisema. "Wewe kaka unamtafuta nani?"

Nyuma yake harufu ya nywele zilizoungua, na mtu akitafuna taratibu.

Kufikia asubuhi, walinzi walimpita kama wanavyopita nguzo. Bodaboda hawakusimama. Alipotazama chini aliona kivuli chake kimepauka kama chai ya mkutanoni, na hapo ndipo, kwa mara ya kwanza tangu aajiriwe, Meshack alitaka kwa moyo wote kuwahi kazini.

Aliyemwona ni Ustadhi Abdulwahab, mganga kutoka Kondoa, na hata yeye alimwona kwa shida, kama mtu aliye upande wa pili wa vumbi. Wakaingia ofisini mchana. Watumishi wakajaa kwenye ukumbi, na Ustadhi alipofukiza ubani wakaanza kumwona bosi wao wa zamani, hafifu, na mlango wa chumba namba sita ukafunguka wenyewe, na Meshack akaliona koti lake limeketi limejaa bila kuwa na shingo, mikono yake ikipita juu ya mafaili bila kuwa na vidole, miwani ikielea pale ambapo uso ungekuwepo, ikamgeukia polepole, na mtambo kwenye kona ukavuma kwa kuridhika kama paka aliyeshiba.

Ustadhi aliweka chetezo chini.

"Jini aliyempanda mtu, namtoa mimi," alisema kwa sauti ya chini. "Huyu hakumpanda mtu. Amekalia nafasi aliyoikuta wazi, na hilo sanduku limemshuhudia. Nataka ushahidi wa kulipinga. Yeyote aliyemwona bwana huyu ameketi kiti hiki anafanya kazi, hata siku moja, aape. Mmoja ananitosha."

Watu wakatazama dari. Mtambo ukaguna.

"Kuluthumu!" Meshack alilia. "Mwanangu, sema! Si siku zote ulisema nipo?"

"Kusema nilisema, bosi." Machozi yalimlenga. "Kuapa siwezi. Nina watoto."

"Na Mei Mosi? Si mliniona wote?"

"Mei Mosi ulikaa jukwaani, mkuu," akasema mhasibu, kwa heshima zote. "Tena kiti cha kuazima."

Mtu mmoja akakohoa ili asicheke. Mama mmoja mwenye mgogoro wa kiwanja, aliyekaa benchini tangu masika, alichungulia ndani, akaliona lile lililoketi, akajikunyata ndani ya khanga yake. Mkono wa koti ukaelekea kwenye kiti cha wageni, na sauti ikatoka mahali pasipo na mdomo.

"Karibu, mama. Nikusaidie nini?"

Maneno hayo Meshack hakuwahi kumwambia mtu yeyote. Mama alisita, akamtazama Meshack, akalitazama faili lake. Kisha akapita katikati ya Meshack kama anavyopita mtu kwenye moshi, akaketi.

Meshack alitoweka pale mlangoni, watumishi wenzake wote wakitazama, na hakuna hata mmoja aliyeapa.