Miwani Nyeusi Ofisini

Febronia ni karani wa chama cha wakulima wa alizeti, huko Mitundu. Kila asubuhi anapika uji, anafagia uwanja, kisha anakwenda ofisini kuingiza majina ya wanachama kwenye kompyuta. Mumewe, Shukuru, ni fundi wa kuchomelea vyuma.

Mwezi wa tatu kazini, macho yalianza kumwasha. Ikifika saa saba mchana, kichwa kinagonga.

"Mimi nashinda na moto na macho yangu mazima," Shukuru alimwambia. "Ni miwani nyeusi tu. Vaa na wewe."

Akamnunulia miwani ya jua mnadani. Jumatatu Febronia akaivaa ofisini.

"Mjukuu wangu, umepigwa?" Bibi Damari, mwanachama, alimnong'oneza.

"Hapana, bibi. Ni kinga tu."

"Kinga ya nini humu ndani? Mvua?"

Herufi zilikuwa hafifu. Febronia aliinama mpaka pua ikakaribia kioo. Jioni mwenyekiti, Mzee Mazengo, akasoma orodha. Mzee Antipasi alikuwa ameandikwa Antonia. Majina mengine kumi na moja nayo yalikosewa.

"Orodha hii ndiyo ya kugawia mbegu," alisema Mzee Mazengo. "Asiyekuwemo hapati. Nakupa wiki mbili, Febronia. Ikiwa hivi tena, tutatafuta karani mwingine."

Kesho yake Febronia alikwenda, miwani mkononi, kwa Hezekia, mtaalamu wa macho wa kituo cha afya.

"Shikamoo."

"Marahaba. Kaa, usome herufi zile ukutani."

Alizisoma zote. Hezekia akampa na karatasi ya maandishi madogo. Akaisoma pia.

"Macho yako yanaona vizuri. Yamechoka tu. Hii miwani kakupa nani?"

"Mume wangu. Ni fundi wa kuchomelea."

Hezekia akacheka. "Yake inazuia mwanga wa moto wa kuchomelea, na asiivue kazini. Wewe huchomelei majina."

Kisha akamweleza. "Zamani, makarani wa Ulaya na Amerika walifanya kazi chini ya taa kali. Walivaa ukingo wa kijani kwenye paji la uso, kama kofia isiyo na utosi. Mwanga ulitoka juu, kinga ikakaa juu. Zilipokuja kompyuta zenye kisogo kikubwa, watu walitundika mbele yake kioo cha pili cha kupunguza mng'ao. Siku hizi wanauziwa miwani ya kompyuta, lakini haijathibitika kwamba inaondoa uchovu. Wote hao walijiuliza kwanza mwanga unatoka wapi. Wako unatoka wapi?"

Febronia akafikiri. "Dirisha liko mgongoni. Mchana kwenye kioo najiona mwenyewe, majina siyaoni."

"Basi geuza meza, dirisha liwe ubavuni. Kaa mbali na kioo kiasi cha urefu wa mkono. Kila dakika ishirini angalia kidogo kitu kilicho mbali. Na upepese macho. Mtu akikodolea kompyuta husahau kupepesa, macho yanakauka. Yakiendelea kuuma, rudi."

Shukuru alikuja kusaidia kugeuza meza. Alipima dirisha kwa macho, akaisukuma tena kidogo.

"Ningekuuliza kwanza, kabla ya kununua ile miwani," alisema.

"Ungeniuliza," Febronia akajibu.

Baada ya siku chache kichwa kiliacha kugonga. Febronia aliandika orodha upya, akaisoma mara mbili.

Siku ya mbegu, wanachama waliitwa mmoja mmoja. Hakuna aliyerudi mikono mitupu. Mzee Mazengo akafunga stoo, akamgeukia Febronia.

"Karani, Jumatatu tunaandikisha wanachama wa kijiji cha pili. Uwahi."